Mkalimani wa Mabati Mekundu

Pélagie alikuwa na kazi ambayo sijaona mtu mwingine akiifanya pale Makindye: alikodisha masufuria. Hospitali ya serikali iliyokuwa chini ya kilima haikuwapikia wagonjwa. Jiko lake liliungua zamani na halikujengwa tena, kwa hiyo kila mgonjwa alikuja na mtu wake wa kumpikia. Wengi walitoka mbali, wakafika na mgonjwa mgongoni na fundo la nguo, basi. Sufuria, beseni, mwiko, mkeka wa kulalia, hata kijiko cha kumnyweshea mtu uji, yote hayo waliyapata kwa Pélagie, ng'ambo ya barabara, kwenye kibanda kilichoegemea karakana ya baiskeli ya mumewe.

Jina la Pélagie liliwashinda watu. Walimwita Mama Masika, kwa jina la binti yake. Na hospitali nayo ilikuwa na jina kwenye kibao, lakini mvua ilishalifuta na hakuna aliyejali, maana sisi sote tuliiita Mabati Mekundu.

Alikuwa mtu wa Bukavu, Kongo. Mwaka mamluki walipouteka mji ule, yeye na mumewe Katembo walifunga mlango wakaondoka na walichovaa. Walivuka Rwanda, wakaingia Uganda, na Masika mgongoni akiwaka homa ya surua. Lori lililowabeba liliishia Makindye, nao wakashushwa hapo bila kumjua mtu. Pélagie aliona wanawake wakiingia kwenye geti moja na watoto mgongoni, akawafuata. Hakuna aliyemwuliza karatasi. Muuguzi mmoja mrefu, mweusi sana, alimchukua mtoto, akamkagua macho na mdomo, akasema kwa Kiswahili, "Huyu atapona. Wewe kaa chini, umechoka kumshinda."

Muuguzi huyo ndiye Santa. Alikuwa Mwacholi wa Kitgum, kaskazini, mke wa askari wa jeshi aliyeitwa Okullo. Masika alipona kweli, na kwa sababu hakukuwa na mahali pengine pa kwenda, Katembo alianza kuziba pancha za baiskeli za waliokuja kutazama wagonjwa, na Pélagie akaanza kuazima sufuria yake moja, halafu mbili, halafu watu wakaona ni vizuri wamlipe. Jioni Santa alipotoka kazini alipitia pale kibandani, akavua viatu, akanywa chai. Walizungumza Kiswahili, Pélagie kile cha Bukavu alichokinyoosha shuleni kwa masista, Santa kile cha kambini, na kila mmoja alimcheka mwenzake.

Kisha serikali ya kijeshi ikaingia, nayo haikuwaamini Waacholi. Asubuhi moja Okullo alikwenda kambini kwake kama askari wengine wa Kiacholi, na kama wengi wao hakurudi. Santa hakupewa maiti wala neno. Alivaa sare yake akaendelea na kazi. Kitu kimoja tu kilibadilika: aliacha kusema Kiswahili mbele ya watu asiowajua. Kiswahili chake kilikuwa na sauti ya kaskazini, na askari akisikia maneno mawili tu angejua kwao ni wapi. Wodini alisema Kiganda, na kama hapana budi, alinyamaza.

Miaka ilikwenda hivyo. Daktari wa hospitali, Mhindi, aliondoka pamoja na Wahindi wote walipofukuzwa nchini. Daktari aliyemfuata alitorokea Kenya. Sabuni ikawa adimu, sukari ikawa ya kuulizia kwa sauti ya chini. Lakini Mabati Mekundu ilikuwa wazi. Wanawake walijifungua pale, watoto walichanjwa kila Alhamisi, na nyuma, kwenye jengo refu lililojitenga, wagonjwa wa kifua kikuu waliota jua ukutani wakikohoa.

Mwaka wa sabini na tano, siku moja mchana, lilikuja jipu la jeshi. Alishuka meja mmoja, Mnubi, wa kabila lililoshika vyeo jeshini siku zile, mtu wa makamo mwenye tumbo dogo na mwendo wa polepole. Baadaye tulijua anaitwa Meja Marjan. Aliingia wodi hadi wodi akipima vyumba kwa hatua zake, akagonga kuta, akafungua mifereji kuona kama maji yanatoka. Alipomaliza alimwita mzee wa getini.

"Hapa nakuwa mahali ya askari," alimwambia. "Kikosi kimekuwa kikubwa, hakuna nafasi. Wagonjwa wote nakwenda Mulago. Alhamisi ijayo mimi nakuja kuchukua funguo."

Jipu lilipoondoka tu habari zilishafika bombani, zikafika sokoni, zikapanda kilima. Watu hawakupiga kelele. Siku zile hakuna aliyepiga kelele. Lakini nyuso za wanawake zilibadilika. Mulago ni hospitali kubwa, hilo hakuna aliyelikataa, lakini ilikuwa ng'ambo ya mji. Petroli hakuna, mabasi yanakuja yakitaka, na barabarani kuna vizuizi ambako mtu aliweza kushushwa asirudi. Mwanamke akishikwa na uchungu giza likiwa limeingia, afike vipi Mulago? Kila mmoja alijua jibu.

Aliyelisema kwa mdomo ni Jjajja Kevina. Alikuwa bibi wa Kiganda, mjane, mkunga wa zamani wa mtaa aliyekuwa ameacha ukunga na kuwapeleka wajukuu zake wote Mabati Mekundu. Ulimi wake uliogopwa hata na mchungaji wake. Siku ya pili, kwenye matanga ya jirani, mahali pekee ambapo watu wengi waliweza kukaa pamoja bila kuulizwa, aliwaita wanawake jikoni.

"Wametukataza kukusanyika," alisema. "Vizuri, hatukusanyiki. Alhamisi ni siku ya chanjo. Kila mwenye mtoto amlete. Mwenye mtoto aliyekwisha kuchanjwa amlete, labda chanjo imetoka. Asiye na mtoto aazime wa jirani. Tutakaa pale tukisubiri sindano, na huyo bwana akija kuchukua funguo atatukuta."

"Na tukipigwa?" mmoja aliuliza.

"Watampiga mama mwenye mtoto mgongoni kwa kosa la chanjo? Labda. Lakini angalau watajua wamefanya nini."

Pélagie alikuwa pale jikoni akimenya matoke. Aliyamaliza yote. Alirudi nyumbani akamweleza mumewe.

Katembo aliweka chini gurudumu alilokuwa akilinyoosha. Alikuwa mwanamume wa maneno machache, Mnande wa Butembo, na hofu yake ilikuwa ya mtu aliyekwisha kukimbia mara moja. "Mama Masika," alisema, "sisi hapa ni wageni. Wenyeji wakikosea wanapigwa. Sisi tukikosea tunarudishwa mpakani, au haturudishwi popote. Mambo hayo waachie wenyewe."

"Masika alipona kwa nani?"

"Najua alipona kwa nani."

"Basi mimi nitapeleka masufuria tu. Watoto watahitaji uji. Kupika uji si siasa."

Katembo alimtazama, akaliokota gurudumu lake. Hakusema ndiyo, lakini Alhamisi alfajiri ndiye aliyeyafunga masufuria yote kwenye baiskeli na kuyasukuma ng'ambo ya barabara.

Sijui kama Makindye iliwahi kuona watoto wengi hivyo mahali pamoja. Walijaa kwenye majani, kwenye veranda, kwenye ngazi za wodi ya wazazi. Walikuja wanawake wa Kiganda, wake wa polisi kutoka kaskazini, Wanubi wenye shela, hata wake wawili watatu wa askari wa kambi ileile iliyotaka nyumba, maana nao walikuwa wanajifungua pale. Pélagie aliwasha mafiga na kukoroga uji wa mahindi, na hakumtoza mtu sufuria siku ile. Santa alichanja bila kuinua kichwa. Msaidizi wa daktari, ambaye ndiye alikuwa mkubwa wa hospitali kwa wakati ule, alikuwa ameondoka mapema kwenda mjini kuomba dawa. Huenda ni kweli alikwenda kuomba dawa.

Meja Marjan alifika jua likiwa limepanda. Alikuja na jipu na lori la askari nyuma. Alishuka, akasimama getini, akaangalia. Watoto waliacha kulia, nafikiri kwa sababu mama zao waliacha kupumua.

"Nini hii?" aliuliza. "Nani amewaita hawa watu?"

Mzee wa getini alisema ni siku ya chanjo.

"Wote hawa chanjo?"

"Wote, Afande."

Marjan aliingia mpaka katikati ya uwanja, na askari wanne nyuma yake. "Mkubwa wa hapa nani?"

Macho ya watu yalimwendea Santa, naye Santa alikuwa ameshika sindano, midomo imefungwa, weusi wake umegeuka majivu. Pélagie alimwona. Alijua Santa akifungua mdomo kujibu kwa Kiswahili, jina la kwao litatoka pamoja na neno la kwanza. Kabla hajafikiri alikuwa ameshaacha mwiko na kusimama mbele.

"Mkubwa amekwenda mjini kutafuta dawa, Afande. Hawa ni wazazi tu."

Marjan alimgeukia. "Wewe Kiswahili yako nzuri. Mtu wa wapi?"

"Wa Kongo, Afande. Ninakodisha masufuria."

"Basi wewe sema na hawa. Sema hospitali nafungwa leo. Sema wachukue watoto, wakwende."

Pélagie aligeuka akasema kwa Kiganda alichojifunzia sokoni, kibovu lakini cha kueleweka. Hakuna aliyeinuka. Aliyeinuka ni Jjajja Kevina, na aliinuka ili asikike vizuri.

"Mwulize huyo," alisema kwa Kiganda, akimnyooshea Meja kidole, "kama alizaliwa na mwanamke au aliokotwa jalalani."

Wanubi waliokuwa na shela, ambao Kiganda walikijua, waliinamisha nyuso. Marjan alikuwa anamsubiri Pélagie, uso wake umetulia kabisa, kama mtu anayesubiri chai.

"Mama anasema," alianza, "Afande, hata wewe ni mtoto wa mwanamke. Anajua utawahurumia wazazi."

"Mm," alisema Marjan. "Mwambie ni amri. Askari wangu hawana pahali ya kulala."

Pélagie alimfikishia. Kevina alicheka kicheko kisicho na furaha. "Hawana pa kulala? Wamechukua maduka ya Wahindi wakayala mpaka rafu. Wamechukua majumba. Sasa wamebakiwa na vitanda vya wagonjwa. Mwambie mwizi mwenye haya huwa anaacha hata kitanda."

"Mama anasema anaelewa jeshi lina shida ya nafasi. Anasema labda mjini kuna majumba makubwa zaidi yaliyo matupu, ambayo yangewafaa askari kuliko haya machakavu."

"Amesema hivyo?"

"Ndiyo, Afande. Kiganda ni lugha ya maneno mengi."

Mmoja wa askari alicheka, akanyamaza alipotazamwa. Kevina alikuwa amekwisha kukolea. Alisogea mbele mpaka Pélagie akamshika mkono, na sauti yake ikashuka, jambo lililokuwa baya zaidi.

"Mwambie hivi, na usipunguze. Vitanda hivi tumevimwagia damu ya uzazi. Askari wake atakayelala humo asizae. Asizae yeye, asizae mwanawe. Mimi Kevina ndiye ninayesema."

Matusi Pélagie aliweza kuyafunika, lakini laana ilikuwa kitu kingine. Askari wanaogopa laana, na mwenye bunduki akiogopa hujui atafanya nini. Alihisi macho ya wanawake wote mgongoni mwake, na macho ya Meja usoni. Alitafuta neno, akakosa, akatazama huku na huku kama mtu aliyepoteza kitu, na nyuma ya wodi ya wazazi akaona lile jengo refu na wale wanaume waliokonda wakiota jua ukutani. Mmoja alikuwa anakohoa.

"Mama anawahurumia askari wako, Afande," alisema. Sauti yake mwenyewe aliisikia kama ya mtu mwingine. "Jengo lile la nyuma ni la kifua kikuu. Wamekohoa humo miaka na miaka, na magodoro ni hayohayo yanazungushwa kila wodi. Anaogopa vijana wako wakilala humu watapata ugonjwa, waupeleke kambini kwa wake zao na kwa wakubwa."

Marjan aligeuka akalitazama lile jengo. Askari waliokuwa nyuma yake walilitazama pia, na mmoja, polepole, akarudi hatua moja. Meja alimtazama Kevina kwa muda mrefu. Kisha alimgeukia Santa.

"Wewe Sista. Ni kweli?"

Hapakuwa na njia. Santa aliweka sindano kwenye bakuli. "Ni kweli, Afande. Iko kifua kikuu. Wengi."

Ilitosha. Kila mtu aliyejua kusikia alisikia. Meja aliendelea kumtazama, na Pélagie alisimama kati yao bila kujua amesogea saa ngapi. Lakini Marjan hakumwuliza Santa jina. Aliangalia tena uwanja mzima, watoto, moshi wa mafiga, akatema mate pembeni, akarudi kwenye jipu bila kuomba funguo. Lori lilimfuata.

Watu hawakushangilia. Walikaa vilevile, na Santa akaendelea kuchanja mpaka dawa ikaisha, kwa sababu hakuna aliyejua kama wamekwenda kabisa au wamekwenda kuleta wengine.

Siku zilizofuata Pélagie hakula vizuri. Alimpeleka Masika kulala kwa jirani. Kila gari lililopunguza mwendo barabarani lilimfanya asimame. Katembo hakumlaumu hata mara moja, na hilo lilimwumiza kuliko lawama. Alimsikia tu akitembea uani, akijaribu pampu ambazo hazikuwa na kasoro.

Jipu lilikuja Jumanne, mchana kweupe. Lilisimama mbele ya kibanda, na dereva akasema bila kushuka, "Wewe mama ya Kongo. Afande nakuita."

Katembo alitoka karakanani. "Nitakwenda naye."

"Wewe hujaitwa."

Pélagie alijifunga kitenge vizuri, akavua hereni zake, akampa mumewe. Hawakuagana. Alipanda nyuma. Jipu lilipoanza kupanda kilima aligeuka, akamwona Katembo amechukua baiskeli ya mteja, iliyokuwa haina breki wala kiti, anaikanyaga nyuma yao amesimama. Mlima ulikuwa mkali na jipu lilimwacha, lakini kila kona alipogeuka alimwona akitokea chini tena, mdogo, kichwa kimeinama. Dereva naye alimwona kwenye kioo, akatikisa kichwa, na Pélagie aliniambia anaamini kabisa kuanzia hapo yule dereva alipunguza mwendo.

Ofisi ya Meja ilikuwa chumba kitupu chenye meza na viti viwili. Alikuwa anakula karanga. Alimwonyesha kiti.

Kisha alisema, kwa Kiganda, "Mwulize huyo kama alizaliwa na mwanamke au aliokotwa jalalani."

Pélagie alishika kingo za kiti. Hakikuwa Kiganda cha kubabaisha. Kilikuwa laini, chenye kupanda na kushuka kwake kote, Kiganda cha mtu aliyekinyonya.

"Nimezaliwa Bombo," Marjan aliendelea kwa lugha ileile. "Majirani zetu wote walikuwa Waganda. Nimecheza nao, nimepigwa na bibi zao. Maneno yote ya yule bibi niliyasikia. La maduka nililisikia. La damu pia."

"Afande, yule ni mzee. Wazee..."

"Sijakuuliza umri wake. Nakuuliza hivi: la kifua kikuu, alilisema yeye?"

Pélagie alimfikiria Masika, atatoka shuleni saa ngapi, nani atamfungulia. "Hapana, Afande."

"Nani alilisema?"

"Mimi."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu alichokisema yeye nisingeweza kukisema halafu nikarudi nyumbani."

Marjan alimenya karanga, akapuliza maganda. "Na ungekisema, mimi ningefanya nini?" alisema mwishowe. "Askari wangu wamesimama nyuma yangu. Ningelazimika kumkamata bibi wa watu mbele ya watoto wote wale, na wake za askari wangu wamo. Ningekwenda kumwambia mkubwa wangu nini, kwamba nimelaaniwa? Lakini kifua kikuu." Aliguna kidogo, kitu kilichokaribia kuwa kicheko. "Nimekwenda kwa mkubwa nikamwambia, Afande, ile nyumba ina kifua kikuu mpaka kwenye magodoro. Hakutaka kusikia neno la pili. Alinawa mikono. Tumepewa ghala la pamba lililokuwa wazi. Hospitali yenu ibaki na wagonjwa wenu."

Pélagie aliinuka kuondoka.

"Yule Sista," Marjan alisema, na Pélagie akakaa tena kitini. "Mwambie aendelee kusema Kiganda. Wengine wakija hawatafanya kama mimi. Na yule bibi mwambie afunge mdomo wake, siku moja mdomo huo utamwua. Nenda."

Sisemi Marjan alikuwa mtu mwema. Pélagie mwenyewe hakulisema. Mtu wa cheo kile siku zile alikuwa na mambo yake, na wapo waliomlilia Mungu kwa sababu yake. Lakini siku ile jambo rahisi kwake lilikuwa jema kwetu, na tulilipokea.

Nje ya geti la kambi Katembo alikuwa amesimama na baiskeli isiyo na kiti, shati limemganda mwilini kwa jasho, na mlinzi alikuwa anamfokea aondoke. Alipomwona mkewe anakuja kwa miguu yake mwenyewe, hakusogea. Alingoja mpaka akamfikia, akamshika bega, akalibinyabinya kama mtu anayepima kama tairi lina upepo.

"Wamesema nini?"

"Wamesema ibaki."

"Nini ibaki?"

"Hospitali. Haifungwi. Wamepata ghala."

Katembo alikaa chini pale pale kwenye vumbi la barabara, mbele ya mlinzi, akafunika uso. Pélagie ndiye aliyemwinua. Walishuka kilima kwa miguu wakisukuma ile baiskeli, na walipofika kwenye kona ya kwanza, mahali ambapo kambi haionekani tena, Pélagie alianza kucheka. Alicheka mpaka akashika ukuta. Alimweleza habari za Bombo, za jalala, za Meja kusimama pale uwanjani akisikia kila neno na uso umetulia, na Katembo, ambaye kwa kawaida alicheka kwa pua tu, alifungua mdomo akacheka naye, machozi yanamtoka. Waliopita njiani waliwashangaa. Siku zile haikuwa kawaida kuwaona watu wazima wakicheka barabarani.

Getini Mabati Mekundu walikuta watu wameshajua jipu lilimchukua Mama Masika. Santa alikuwa amesimama nje na sare yake, bila viatu, kwa maana alitoka mbio. Pélagie aliwaambia wote kwamba hospitali haifungwi, kisha akamkumbatia Santa na kumwambia sikioni yaliyomhusu. Santa alishusha pumzi, ndefu, kana kwamba alikuwa ameizuia tangu Okullo alipoondoka.

"Na mimi?" Jjajja Kevina aliuliza. "Kijana yule amesemaje juu yangu?"

"Anakusalimu sana, Jjajja."

"Mwongo wewe. Mtu yule hana salamu." Bibi alimtazama kwa jicho moja. "Hata siku ile nilijua unanipunguzia. Mimi nasema kapu zima, wewe unampa kiganja." Lakini alimshika mkono, na hakuuachia mpaka jioni. Wanawake walianza kupiga vigelegele, kwanza kwa woga, mmoja mmoja, halafu hakuna aliyeweza kuwazuia, na wagonjwa waliojiweza wakachungulia madirishani kujua nani amejifungua.

Mabati Mekundu haikugeuka kuwa mbinguni. Dawa ziliendelea kukosekana, na jiko halikujengwa. Lakini ilikuwa wazi, na katika miaka ile mlango ulio wazi ulikuwa kitu kikubwa. Santa aliendelea kusema Kiganda wodini na Kiswahili kibandani kwa Pélagie. Watu walianza kumwita Pélagie kila walipokuwa na jambo la kumwambia askari, na yeye alikataa mara nyingi kuliko alivyokubali.

Mwaka uliofuata, baada ya miaka mingi ya kuwa na Masika peke yake, Pélagie alijifungua mtoto wa kiume katika wodi ileile ya wazazi. Santa ndiye aliyempokea. Katembo alikuwa benchini nje tangu asubuhi, akiwa ameacha baiskeli ya mtu imefunguliwa vipande vipande. Santa alipomtolea mtoto amevikwa kitenge, Katembo alinyoosha mikono yote miwili, nayo ilikuwa imejaa grisi mpaka viwikoni. Santa alimrudisha mtoto kifuani mwake akamfukuza.

"Baba Masika, kanawe kwanza," alisema, kwa Kiswahili chake cha kaskazini, kwa sauti ya watu wote kusikia. "Na sabuni utajua mwenyewe utaitoa wapi."